Kwa Baba Mkwe Niliyemjua kwa Sauti

Baba mkwe,

Usishtuke. Ni mimi, mke wa Asajile, yule Mhehe wa jikoni. Najua sijawahi kukuambia "wewe" tangu nifike kwenu, na wewe hukuwahi kuniambia mimi hivyo. Miaka sita tumeishi uwanja mmoja, tumekula chungu kimoja, na hatukusalimiana ana kwa ana hata siku moja. Sasa umelala chini ya migomba yako, nami niko Iringa kwa mama yangu, nimeketi barazani na daftari la shule la mdogo wangu, nakuita "wewe" kama namwita mwenzangu wa kuchota maji.

Barua hii sitaifunga. Kwa desturi yenu mkaza mwana hazungumzi na baba mkwe faraghani, basi naiacha wazi. Mama mkwe asomewe, mchungaji akitaka asome, na hata majirani wale wa kule bondeni wasiokosa neno wasome. Wote wawe mashahidi kwamba sikukunong'oneza.

Nilikuja kwenu ule mwaka watoto wa shule walipogawiwa vikombe kwa sababu Uingereza imepata Malkia mpya. Asajile alikuwa fundi seremala, alikuja Iringa kutengeneza madawati ya misheni, na mimi nilikuwa nawapelekea mafundi uji. Nilikuwa nawaigiza wote, mmoja mmoja, wakigombania vikombe vya uji. Wengine walinuna. Asajile alicheka mpaka akaangusha randa. Baada ya harusi tukapanda lori, tukalala Mbeya, kesho yake tukapanda milima kwenda Tukuyu, na mvua haikutuacha hata kidogo. Nikajiuliza moyoni, watu hawa hukauka lini?

Sikuwa nimevua hata viatu, mama mkwe akanishika mkono akaniketisha jikoni. Namsikia mpaka leo. "Mwanangu, sikiliza. Baba yake Asajile humtazami. Ukisikia anakuja, unatoka njiani, unampa mgongo, unajifunika. Jina lake hulitaji. Neno linalofanana na jina lake nalo hulitaji, unatafuta jingine."

"Mpaka lini, mama?"

Akacheka sana. "Unafikiri mimi wa kwangu nilimwona lini?"

Mama yangu! Kwetu Uheheni mkwe tunamheshimu, tunampigia magoti, lakini angalau tunamwona amevaa koti gani. Nikamgeukia Asajile nikitegemea atasema hayo ni ya zamani. Akainama chini kama mtoto aliyevunja kibuyu. Mchungaji naye aliwahi kukuambia kwamba Wakristo si lazima wafuate hayo, ukamjibu kwamba kanisani ni kwake na migombani ni kwako. Kanisani kwenyewe wanaume walikaa upande wao, wewe mbele kabisa, mimi nyuma kabisa, nimeinamia kitabu cha nyimbo mpaka shingo inauma.

Kwa hiyo nilijifunza Kinyakyusa chenye matobo. Maneno ambayo watoto wadogo wanayasema, mimi sikuwa na ruhusa nayo. Kulikuwa na neno moja la jikoni, la kila siku, ambalo limekaa karibu mno na jina lako. Nililizunguka kwa maneno matatu mengine, na wageni walidhani ni ujinga wa Kihehe. Wake wa watoto wako wote walikuwa na maneno yao ya kuzungukia. Tulikuwa tukikutana mtoni tunabadilishana, "Wewe pale unasemaje?" Wanawake walikuwa wametengeneza lugha nzima pembeni ya lugha yenu, na wanaume hamkujua hata nusu yake.

Halafu nikakusikia.

Ilikuwa asubuhi ya tatu au ya nne. Nilikuwa nasaga ulezi, na nyuma ya ukuta wa mianzi wa jiko ndiko ulikomfunga ng'ombe wako mweupe wa maziwa. Ukaanza kuzungumza naye. Nikadhani una mgeni. Ulikuwa unamwambia habari za mahari ya binti wa jirani, unazisema pole pole, kisha ukazirudia haraka haraka, kisha ukazirudia mara ya tatu, ukafika mahali pa kutaja idadi ya ng'ombe ukanyamaza. Ukanyamaza muda mrefu hivi kwamba mimi nikaacha kusaga. Ndipo ukaitaja, kwa sauti ndogo.

Mama mkwe alipoingia nikamwuliza, "Baba anaongea na nani?" Akasema, "Na ng'ombe. Anajifunza. Kesho anakwenda kuwasemea watu." Ndivyo nilivyojua kwamba wewe ndiye uliyekuwa ukiitwa milima yote ile kwenye mahari, kwenye ugomvi wa mipaka, kwenye mazishi, kusema maneno ambayo wenyewe yamewashinda. Na kwamba kabla ya kwenda, ulimsemea ng'ombe kwanza.

Nilikusikiliza miaka, baba. Hukujua ulikuwa na mwanafunzi. Au ulijua? Ulikuwa unachukua jambo moja unalisema kwa Kinyakyusa, kisha kwa Kiswahili, kisha kwa kile Kisafwa ulichookota sokoni Mbeya, unasikiliza lipi lina uzito. "Pole kwa Kiswahili ni nyepesi," ulimwambia ng'ombe siku moja, "inaruka kabla mtu hajaipokea. Ndaga ya kwetu inakaa." Siku nyingine ulimtuma mama mkwe aende mpaka mwisho wa migomba, ukanong'ona, ukamwuliza kama amesikia. Akapiga kelele kutoka huko, "Umesema nikaongeze kuni!" Ukafurahi kwelikweli, na kuni hakuongeza.

Mimi tangu utoto ni mwigaji. Niliiga mwalimu, niliiga padre, niliiga kuku wa jirani na jirani mwenyewe, nikala makofi mengi. Mdomo wangu hauna mlango. Lakini nilikuwa naiga ili watu wacheke, basi. Nyuma ya ukuta wako nikajua kwamba sauti ya mtu ina mlango wa kuingilia, na ukiingia unamkuta mwenyewe amekaa, na hapo hakuna kicheko.

Na siku ile ya ndizi! Nimesema barua iwe wazi, basi na hili lisomwe. Ulikuja zizini ukamwambia ng'ombe, kwa sauti ya mtu anayeuliza bei, "Hivi wewe, ni kweli huko Iringa hawapiki ndizi? Leo nimekula mpini wa jembe." Damu ikanipanda. Kukujibu siwezi, kunyamaza ndiyo kabisa siwezi. Nikashika jiwe nikaanza kusaga huku naimba, mwanamke akisaga haulizwi anaimba nini: mpini ungelainika kuni zingekuwa kavu, na kuni kavu zinataka shoka, na shoka linamtaka mwanamume, na mwanamume anaongea na ng'ombe. Mama mkwe alikuwa anakunywa togwa, ikamtoka puani. Kisha nikasikia ukimwambia ng'ombe, taratibu, "Umesikia? Amekusema." Jioni kulikuwa na kuni kavu mlangoni.

Tangu hapo tukawa tunazungumza, wewe kwa ng'ombe na mimi kwa jiwe. Watu walijua, na hakuna aliyeweza kutushika, maana hatukuvunja kitu. Ulimwuliza ng'ombe kama ulanzi unalewesha kweli au Wahehe wanajisingizia. Nikaimba kwamba unalewesha, ila Mhehe akilewa anaongea na watu. Ulimwuliza watu wa Iringa wanasalimianaje asubuhi, umesikia salamu zao ndefu. Nikaimba "kamwene", mara moja tu, kisha nikarudi kusaga; ulikuwa mwaka mzima sijalisikia neno hilo kwa mtu. Kesho yake alfajiri, mvua inanyesha, nimeinama nawasha moto, nikasikia nyuma ya mianzi: "Kamwene, ng'ombe." Ulilitamka vibaya, ukalirudia, ukalitamka vizuri. Nilikaa chini nikalia kama mtoto. Wewe hukujua. Nakuambia leo.

Sasa nifike pale pagumu.

Asajile alipotaka kwenda Chunya kwenye dhahabu, mlikuwa nyumba kubwa na mimi jikoni, lakini mianzi haifichi kitu. Alisema anakwenda msimu mmoja tu. Ulimwambia umeona wengi wa msimu mmoja. Akasema useremala haulishi watu. Ukasema hutaki kuzikwa na mchimba mashimo. Akasema maneno ambayo mtoto hamwambii baba. Na wewe, baba, wewe uliyekuwa unapima kila neno mara tatu mbele ya ng'ombe, hilo hukulipima hata mara moja. Ulimwambia, "Basi nenda. Siku nikifa usije kunizika."

Asajile akaondoka siku ile ile. Alituma vitenge na sukari kwa watu waliokuja, alituma salamu, mwenyewe hakuja. Mtoto wetu alizaliwa hajamwona. Na mimi nilibaki na wewe na ng'ombe.

Halafu siku ya njia.

Nilikuwa natoka mtoni na debe kichwani. Mvua ilikuwa imekatika muda huo huo, njia inateleza. Ulikuwa na desturi yako, ukija unakohoa mara mbili kabla ya kona ili wake wa wanao wajiweke sawa. Nikasikia umekohoa mara moja. Nikatoka njiani upesi, nikatua debe, nikajifunika kanga, nikakupa mgongo, nikatazama shina la mgomba. Nikangoja upite.

Hukupita.

Nikasema moyoni, labda niko karibu mno, mzee anaona haya kupita. Nikainua debe, nikaingia ndani zaidi kwenye migomba, nikakupa mgongo tena. Nikangoja. Nilisikia kama kitu kinakwaruza udongo. Nikasema anajipangusa matope. Nikangoja mpaka maji ya debe yametulia kabisa naona majani ndani yake. Nilikuwa najisifu, baba. Nilikuwa nawaza, leo Mhehe ameonyesha adabu.

Mama mkwe ndiye aliyepiga ukelele. Alikukuta umeegemea kisiki, mdomo umekwenda upande, macho wazi, unakwaruza udongo kwa kisigino. Ulikuwa unaniita kwa kisigino. Hatua kumi na tano kutoka kwangu, nimekupa mgongo.

Hakuna aliyenilaumu. Ningelaumiwa ingekuwa nafuu. Mama mkwe alinikumbatia akasema, "Ulifanya vizuri, mwanangu, hukumtazama." Maneno hayo yamenikaa kifuani mpaka leo.

Walikubeba kwa machela mpaka hospitali, ukarudi baada ya wiki kadhaa umepooza upande mmoja na sauti haipo. Ulisikia kila kitu, ulielewa kila kitu, lakini mdomo haukutoa ila pumzi. Wewe! Walikulaza kwenye chumba kilichopakana na jiko, ukuta mwingine wa mianzi katikati. Mimi nilikuwa nakujua kwa sauti tu. Wengine walibaki na uso wako, na mkono wako wa kushika, mimi sikubaki na kitu. Nilipika, nikasaga, nikasikia ng'ombe akilia zizini kwa kukosa wa kumsemesha. Mwezi mzima sikuimba. Nilikuwa nakutamani kama mtu anavyotamani maji, na wewe uko hatua tatu kutoka nilipo.

Siku moja, sijui nini kilinishika, nasaga, mdomo ukafunguka wenyewe na sauti yako ikatoka. Si ya kuigiza ya kuchekesha. Yako, na kile kikohozi kidogo mwanzoni. "Hivi wewe, ni kweli huko Iringa hawapiki ndizi?"

Jiwe likanitoka mkononi. Nikangoja nife. Badala yake nikasikia kwenye mianzi: ko. Fimbo yako.

Nikasema tena, "Leo nimekula mpini wa jembe." Ko, ko, ko. Ulikuwa unacheka, baba. Najua ulikuwa unacheka.

Mama mkwe akaja mbio akiwa ameshika mwiko. "Nani anaongea humu? Nani?" Akaniona niko peke yangu. Akaelewa. "Unamwigiza mkwe wako mgonjwa? Una akili wewe?" Akainua ule mwiko, na sijui kama angenipiga, maana fimbo yako ilianza kuupiga ukuta kama mtu anayetaka kuubomoa. Akaenda upande wako. Mlikaa huko kwa muda. Aliporudi macho yalikuwa mekundu. Akakaa kwenye kigoda akahesabu kwa vidole. "Hukumtazama. Hukumtaja jina. Hukumsemesha, umesaga tu." Akafikiri. "Basi endelea. Nimemwuliza, ameitikia kwa kichwa ile ya mahari."

Ndipo nikawa sauti yako. Kila siku baada ya kazi nilikaa kwenye jiwe nikakurudishia maneno yako, yale yote uliyomwambia ng'ombe, na niliyakumbuka mengi kuliko nilivyodhani. Nikikosea uligonga mara mbili, narudia. Nikiharakisha pale pa kunyamaza uligonga mara mbili. Kuna kimya kimoja, kile cha kabla ya kutaja jina la marehemu, ulinirudisha mara tisa siku moja, mpaka nikakasirika nikasema kwa sauti yangu, "Huyu ng'ombe hachoki?" Ko. Ukanirudisha ya kumi. Na ya kumi ndiyo ilikuwa yenyewe. Hakuna mwalimu aliyenifundisha hivyo, shule nimekwenda miaka minne.

Nilijiwekea sharti moja, na sikumwambia mtu. Sitakutungia neno. Nitasema uliyoyasema, basi. Nilijua watu wangependa nikusemee mambo mengine. Mjomba mmoja aliwahi kuja kuniomba, kwa kuzunguka, kama "sauti ya mzee" inaweza kukumbuka lile shamba la bondeni ulimwahidi nani. Nilimwambia sauti ya mzee inakumbuka ndizi tu.

Lakini neno langu mwenyewe nilikuambia. Nilingoja siku ambayo mama mkwe amekwenda shamba, nikasaga, nikaimba habari ya njia. Niliimba yote, kikohozi kimoja, debe, kanga, kisigino. Niliimba, ningegeuka ningekuona, ningekuona ningepiga kelele mapema, na waganga wa hospitali walisema ungefika mapema huenda mdomo ungerudi. Niliimba, nisamehe. Nikaacha kusaga ili nisikie vizuri.

Hukugonga.

Labda ulikuwa umelala. Labda fimbo ilianguka ukashindwa kuiokota. Nilijipa sababu zote hizo. Kesho yake niligonga mimi, kidogo, kwa kidole. Ukajibu kwa fimbo kama siku zote, nikakusemea ile ya mahari. Sikuwa na moyo wa kuimba ile nyingine mara ya pili.

Na kila alasiri, lori la kutoka Mbeya lilipopiga honi kule njia panda, uligonga mara moja. Hakuna sauti nyingine ya nje uliyoigongea. Nilisikiliza kama kuna miguu inapanda, kisha nikasema kutoka kwenye jiwe, "Siye." Nilimwandikia Asajile barua tatu. Akajibu moja: atakuja mvua zikikatika. Zikakatika, zikaanza, zikakatika tena. Honi, ko, siye.

Ulipokufa ilikuwa asubuhi ya kiangazi, na mama mkwe alikuwa amekushika mkono. Watu walijaa mpaka barabarani. Wanawake walikuwa wanalia, na katikati ya kilio mama mkwe akanifuata, akanishika kiganja akasema, "Njoo. Sasa si kitu tena. Mwone." Nikaenda. Miaka sita, baba. Nikafunuliwa shuka.

Alikuwa mzee mdogo, mweusi sana, masikio makubwa, ana kovu juu ya jicho. Sikumjua. Nilisimama pale nikimtafuta na sikumpata. Nilitoka nje nikaenda zizini nikamkumbatia ng'ombe shingoni, hapo ndipo nikalia, wakadhani nimeshikwa na wazimu wa msiba.

Asajile alifika siku ya tisa baada ya mazishi, ana vumbi la Chunya mpaka kwenye kope, amekonda. Alimbeba mtoto wake, mtoto akalia. Alikaa kaburini mchana kutwa. Kesho yake akaja jikoni, jambo ambalo mwanamume wa kwenu hafanyi, akasimama mlangoni. "Wanasema unayo sauti ya baba."

"Nilikuwa nayo alipokuwa ananisikia."

"Niongelee."

"Asajile, hapana."

"Mke wangu, nakuomba. Miaka minne sijamsikia."

Alikwenda akakaa kwenye kile chumba, juu ya kitanda chako, upande ule wa mianzi. Nikashika jiwe, maana bila jiwe siwezi. Nikaanza na ndizi. Nikasikia anacheka, kile kicheko cha randa, kisha kicheko kikakatika. Nikamsemea ile ya mahari. Nikamsemea "kamwene, ng'ombe". Kisha akazungumza, na hakuwa anazungumza na mimi.

"Baba. Ulisema nisije kukuzika." Akapumua. "Nimetii, baba. Barua nilizipata. Nilifika mpaka Mbeya mara mbili, nikarudi. Ulisema nisije."

Akangoja.

Baba mkwe, nilikupekua. Nilipita kwenye kila neno lako nililonalo, la asubuhi, la jioni, la kiangazi, la mvua, nikitafuta hata moja la kumpa mwanao, ambalo ulilisema kweli, kwa mdomo wako. Halikuwepo. Ulikuwa na maneno ya kuwasemea watu wote wa milima ile, na kwa Asajile uliniachia lile moja. Mume wangu amekaa upande wa pili anasubiri, namsikia anavyomeza mate.

Nikalivunja sharti langu. Nikakohoa kama wewe. Nikanyamaza kile kimya cha mara kumi. Nikasema, "Mwanangu. Kila lori lililopiga honi nilikuulizia. Nilisema neno kwa hasira, na mdomo ukafungwa kabla sijalirudisha. Nimekusamehe. Na wewe nisamehe."

Alilia kilio ambacho sijawahi kukisikia kwa mwanamume. Mama mkwe alikuwa nje, amesikia yote. Alifunika uso kwa kanga na hakunigombeza, mpaka leo hajaniuliza.

Lile la honi ni kweli, nilikusikia ukigonga. Yaliyobaki niliyatunga. Nimekuweka maneno mdomoni ukiwa huwezi kukataa. Kama nimekosea, kosa ni langu, Asajile halimhusu, yeye amepona. Amerudi kwenye useremala, tumehamia huku Iringa, anatengeneza milango na anapiga mluzi. Mtoto anamwita baba.

Ila tangu siku ile sauti yako imenitoka. Watu wa huku wamesikia habari zangu, wananiita kwenye harusi na misiba niwasemee. Nawasemea, najua kupima, najua kunyamaza, wananisifu. Hilo ulinipa na halijaondoka. Lakini yako yenyewe siipati. Nakaa asubuhi mama yangu akiwa shamba, nakohoa, naanza, inatoka ya mwanamke. Nimekukosa mara mbili, baba, na mara hii hakuna wa kunigongea nirudie.

Jana nilijaribu jambo moja. Nilipiga magoti nyuma ya mlango alioutengeneza Asajile, peke yangu, nikasema kwa sauti yangu, "Baba, siku ile ya njia sikugeuka. Nisamehe." Kisha nikazunguka upande wa pili wa mlango, nikakohoa, nikanyamaza vile ulivyonifundisha, nikafungua mdomo ili nijijibu.

Nikasikia ni mimi.

Pumzika, baba. Ng'ombe yuko kwa mama mkwe, anapewa majani. Mimi nipo, nasikiliza.

Mkwe wako wa Iringa